Mwanamke wa Picha Isiyosema

Gari la sinema lilikuwa limeshatoka kwenye laini za nyumba za wafanyakazi, limepita kiwanda, limeanza kuteremka kwenda mtoni, na Chepchumba bado alikuwa anakimbia kando yake, kikapu kinamruka mgongoni, mkono mmoja ameng'ang'ania dirisha.

"Pitutu! Umeweka ile leso ya kuraruka?"

"Nimeweka, Mama Tecla," Bitutu alimjibu kutoka ndani.

"Na usioge asubuhi! Mtu wa kesi haogi. Wakikuuliza jina, lia. Wakikuuliza habari ya mtoto, lia. Wakinyamaza, lia hivyo hivyo!"

"Nimesikia."

"Na viatu uache kwa gari!"

Dirisha likamponyoka. Bitutu, ambaye ulimi wa Kikipsigis wa Chepchumba ulimwita Pitutu siku zote, alipogeuka kutazama nyuma alimwona amesimama katikati ya barabara, ameshika kiuno, anahema, huku nyapara akimpigia kelele kutoka juu kwamba chai haijichumi yenyewe.

"Huyo rafiki yako," alisema dereva Kiptanui akibadilisha gia, "serikali ingempa koti la wakili."

Bitutu hakucheka. Alikuwa ameketi katikati, Kiptanui upande huu na Ondieki upande ule, furushi liko magotini. Ndani ya furushi mlikuwa na nguo za aina mbili. Juu ilikuwa leso iliyoraruka pamoja na gauni kuukuu la Chepchumba, ambalo mwenyewe aliliongezea tundu kwa vidole vyake ili lieleweke vizuri. Chini kabisa, limefichwa kama pombe ya magendo, lilikuwepo gauni la buluu lenye kola nyeupe, la kuendea kanisani, na viatu.

Kesi yenyewe haikuwa ndefu kueleza. Bitutu alikuwa ameolewa ng'ambo ya Sotik na mtu anayeitwa Mosoti, wakapata mtoto mmoja, Bosibori. Kisha Mosoti akaleta mwanamke mwingine, na jioni moja Bitutu akakuta mlango wake umefungwa kwa ndani na wenyewe wanacheka humo. Alilala jikoni kwa mama mkwe wake, Nyambeki. Kulipopambazuka akamtazama mtoto, ambaye alikuwa amelala na nyanya yake, akaona hana mahali pa kumpeleka, akaenda Kericho kuchuma chai. Yule mwanamke mwingine hakudumu. Sasa Mosoti alitaka mkewe arudi, na Bitutu alitaka mtoto. Wazee walikuwa wameita kikao Sotik, wa ukoo na wa kanisa pamoja. Kwa desturi mtoto ni wa ng'ombe wa mahari, na ng'ombe hao walikuwa wametoka kwa kina Mosoti. Hilo kila mtu alilijua, na Bitutu kwanza. Alikuwa anaenda kuomba kitu ambacho haki ya kukidai hakuwa nayo.

Ndiyo sababu Chepchumba alisema alie. Na hakuwa peke yake. Bilhah, mama wa kanisa pale kwenye laini, alisema vivyo hivyo kwa maneno ya Biblia.

Gari la sinema lilimpakia kwa sababu lilikuwa linaelekea huko. Lingelala Kiptere, lionyeshe picha, kesho yake liingie Sotik siku ya soko. Ondieki alikuwa mtu wa kwao, wa ng'ambo ileile, mnene kidogo, mcheshi, na kazi yake ilikuwa kusema. Gari lile lilibeba picha tatu. Moja ilikuwa ya kufundisha kuchuma, majani mawili na chipukizi. Nyingine ilikuwa ya sabuni. Ya tatu ilikuwa nzee sana, ya zamani za kina babu, wakati picha zilikuwa hazijajua kusema. Ilitoka wapi hakuna aliyejua. Ilikuwa na maandishi yanayojitokeza katikati, lakini maandishi hayo yalikuwa ya kizungu cha watu wengine kabisa. Hata meneja wa kiwanda aliyatazama akainua mabega. Basi Ondieki alishika kipaza sauti akayasema mwenyewe, alivyopenda.

Na watu waliipenda hiyo kuliko zile nyingine mbili.

Ilikuwa habari ya mwanamke mmoja mwenye kofia pana yenye manyoya. Ondieki alimbatiza Bi Maringo. Bi Maringo anaketi mbele ya wanaume watatu wenye meza, wanamnyooshea vidole. Bi Maringo anaingia nyumbani, mwanamume anasimama mlangoni anapiga kelele ambazo hazisikiki. Bi Maringo anatoka na kisanduku. Kitu cheupe kinaanguka kutoka mbinguni, anasimama ndani yake, anatutazama. Basi. Kwa maneno ya Ondieki, huyu alikuwa mke aliyekula mali ya bwana akaiba iliyobaki, wazee wakamkanya akawacheka, sasa anakimbilia kwa karani wa reli. Hapo watu walikuwa wanapiga makofi.

Kule kwenye laini wanawake waliichambua picha ile wakiwa shambani, mikono inachuma, midomo inakwenda. Kwa nini kajipaka masizi machoni? Kwa nini midomo ni myeusi, alikuwa amekula zambarau? Na mbona anatembea mbiombio namna ile? Bilhah alijibu kwamba zamani watu hawakuwa wavivu. Lakini jambo lililowakera zaidi halikuwa masizi. Lilikuwa lile la kututazama. Picha nyingine za wanawake walizoziona, za kalenda na za sabuni, mwanamke anatazama mtoto, au anatazama sufuria, au anatazama chini. Huyu alikuwa anageuza uso polepole, anaukuta uso wako, na hautoi.

"Amezoea wanaume," Bilhah alimaliza.

Bitutu alizidi kuchuma kwa haraka. Alijisikia kama yeye ndiye aliyesemwa.

*

Kiptere walifika jua likiwa bado liko juu ya vilima. Kiptanui akaegesha gari kando ya soko, wakafunga kile kitambaa cheupe kati ya gari na nguzo ya duka. Wiki hiyohiyo mvua ya mawe ilikuwa imepita pale. Mashamba ya watu, chai changa waliyoipanda wenyewe juzi tu baada ya Uhuru, yalikuwa yamechanikachanika kama mboga zilizokatwa kwa haraka. Watu walikuja kutazama sinema wakiwa na nyuso za matanga. Hakukuwa na majani ya kuchuma, kwa hiyo walikuja mapema, na walikuja wote.

Bitutu alisaidia kukaza kamba, na giza lilipoingia akajikuta upande wa nyuma wa kitambaa, ameketi juu ya sanduku la vifaa. Akaona ni pazuri. Hapo hakuna wa kumwuliza anaenda wapi. Picha ilionekana huko pia, ila imegeuka, mkono wa kulia uko kushoto. Vipaza sauti vilikuwa vimeelekezwa mbele kwa watu, na jenereta lilikuwa linanguruma karibu naye, hivi kwamba maneno ya Ondieki yalimfikia kama mtu anayeongea chini ya blanketi.

Ikaisha ya kuchuma, ikaisha ya sabuni. Akaja Bi Maringo.

Ilikuwa mara ya kwanza Bitutu kumtazama bila kuambiwa ni nani.

Aliona vitu ambavyo hakuwahi kuviona. Aliona kwamba mbele ya wale wanaume watatu mwanamke yule alikuwa amevaa glavu, na kabla ya kuketi alizivua, kidole kimoja kimoja, akaziweka magotini, akazilaza vizuri. Ondieki kila siku alisema hapo ni madaha. Bitutu aliitazama ile mikono akaona inatetemeka. Kumbe kuzivua polepole ilikuwa njia ya kuifundisha itulie. Aliona kwamba kofia ile pana haikuwa mpya, lile nyoya moja lilikuwa limevunjika na limeshonewa. Mtu aliyekula mali hashonei nyoya. Na aliona kwamba wanaume wakinyoosha vidole, yeye hakuinama wala hakuinua kidevu. Alikuwa ameuweka uso wake pale kama mtu anavyoweka mzigo mezani: haya, tazameni.

Akaingia nyumbani. Akatoka na kisanduku. Kile cheupe kikaanza kuanguka.

Huko walikopigia picha ile, huenda hayakuwa mawe. Yalikuwa yanashuka taratibu mno, kama manyoya ya kuku. Lakini Kiptere kitu cheupe kinachoanguka kutoka juu kina jina moja tu, na Ondieki mwenyewe, aliyeizungusha picha ile Kericho nzima, hakuwa na jina jingine.

"Na sasa!" sauti yake ikapanda huko mbele. "Bi Maringo huyooo, anakimbilia kwa karani wake! Moyo umejaa furaha! Mvua ya mawe yenyewe haoni!"

Kwa kawaida hapo ndipo kicheko kilipotoka. Kiptere hakikutoka.

"Wewe wa kipaza sauti," ilisema sauti ya mwanamke mzee, ya Kikipsigis ndani ya Kiswahili. "Hebu ngoja kwanza."

Bitutu akachungulia pembeni. Alikuwa bibi mmoja mrefu, amesimama katikati ya watu walioketi, blanketi begani. Watu walimwita kogo Cherotich, yaani nyanya.

"Sema, kogo," Ondieki akajibu kwa ucheshi wake.

"Hayo ni mawe?"

"Ni mawe, kogo, si unaona?"

"Naona. Nimeyaona Jumatatu pia, yamekula chai yangu yote. Wewe umewahi kupigwa nayo?"

"Aa… kidogo."

"Kidogo! Ng'ombe akisikia mawe anakimbilia mti. Kuku anaingia chini ya ghala. Sisi tunavaa kikapu kichwani kama kofia. Na wewe unasema huyu mama anatoka nyumbani mwenyewe, kwa kupenda kwake, kwa mawe, na furaha moyoni?"

Watu wakaanza kunong'ona. Mwanamke mwingine akadakia kutoka gizani: "Hata mwizi hangoji mawe ndiyo aibe!"

"Amefukuzwa huyo!"

"Amefukuzwa, ndiyo! Huyo mwanamume wa mlangoni si alikuwa anapiga kelele?"

"Mwongo wewe! Rudisha picha, sema vizuri!"

"Mama zangu," Ondieki aliomba, "picha haiwezi kurudi, ni mashine…"

"Basi ulimi wako urudi!"

Wanaume nyuma wakapiga mbinja, wacheni sinema iendelee, nyinyi mna nini. Gunzi la mahindi likaruka likagonga mlango wa gari. Ondieki alikuwa mtu wa kupendwa; hakujua kazi ya kuchukiwa inafanywaje. Akageuka huku na huku, akamwona Bitutu pembeni ya kitambaa, akamsukumia kipaza sauti mkononi kama mtu anayetupa kaa la moto.

"Haya! Mwanamke mwenzenu huyu hapa! Yeye awaambie!"

Bitutu akakishika. Kilikuwa kizito kuliko alivyodhani. Pumzi yake ilitoka kwenye vipaza sauti kubwa kama upepo, na soko zima likamgeukia. Alifungua mdomo. Alikuwa na mengi, na siyo ya Bi Maringo. Alitaka kusema mlango ulikuwa umefungwa kwa ndani. Kisha akatazama juu, upande wa mbele sasa, mkono wa kulia ukiwa kulia, na mwanamke yule alikuwa ameshaanza kugeuza uso.

Akakishusha kipaza sauti, akakishika tumboni, akanyamaza.

Watu walingoja aseme. Alipokuwa hasemi, hawakuwa na la kufanya ila kutazama. Jenereta lilinguruma. Yale meupe yalianguka juu ya kofia, juu ya mabega, juu ya kisanduku. Mwanamke hakujifunika. Hakuwa anaomba kitu, na hakuwa amekasirika. Alikuwa anawatazama watu wa Kiptere mmoja mmoja. Mtoto aliyekuwa analia akaacha. Hata wale wa mbinja walitoa vidole midomoni.

"Ona mgongo wake ulivyonyooka," alisema kogo Cherotich taratibu, si kwa mtu yeyote.

Kisha kitambaa kikawa cheupe kitupu.

*

Asubuhi, barabara ya Sotik, Ondieki alinuna mpaka Litein. Hapo njaa ilimshinda, akanunua mahindi ya kuchoma, akamgawia Bitutu nusu.

"Umeninyang'anya kazi kwa kunyamaza," alisema. "Sijawahi kuona. Mtu ananyang'anywa kazi kwa maneno, si kwa kimya."

"Ulinipa mwenyewe."

"Nilikupa useme!"

Kiptanui akacheka peke yake juu ya usukani.

Ondieki akatafuna. "Lakini nikuambie kitu, dada. Unajua kwa nini Bi Maringo nimemfanya mbaya? Nilipoiona picha ile mara ya kwanza nilijaribu kumfanya mzuri. Haikukubali. Mwanamke mzuri unamjua, analia, watu wanalia naye, tunaenda nyumbani. Huyu halii. Anakutazama tu, na wewe ndiye unaanza kujiuliza umefanya nini. Nikaona afadhali nimtukane mapema."

"Kwa hiyo asiyelia ni mbaya."

"Kwa sinema ndiyo rahisi." Akamtupia jicho, kisha akatazama furushi magotini mwake. "Wewe usiniangalie hivyo. Najua unawaza nini. Yule ni wa kitambaa, dada. Wazee wa kikao hawana kura juu yake. Wewe utasimama mbele ya mzee Ongeri. Huyo anapenda machozi kama vile mbuzi anavyopenda chumvi. Msikilize yule rafiki yako. Vaa matambara, lia, chukua mtoto, nenda. Utajiheshimu baadaye."

Yalikuwa maneno ya mtu anayemtakia mema, na hilo ndilo lililoyafanya magumu. Bitutu aliyageuza kichwani njia nzima. Akivaa matambara, pengine wazee watamhurumia. Pengine. Lakini Nyambeki angekuja na mtoto. Kikao cha namna hii mtoto huletwa, ili aonekane ni mzima. Bosibori angemwona. Muda wote huu mtoto hakuwa na sura ya mama yake ila ile anayoikumbuka mwenyewe na ile anayotengenezewa na watu. Leo angepewa ya tatu, na hiyo ndiyo ingebaki. Angekua nayo. Hata wazee wakikataa, hata wasipoonana tena, angekuwa na picha moja ya mama yake mbele ya watu, na Bitutu ndiye angeamua ni ipi.

Kwa upande mwingine, mtoto hali wala halali ndani ya picha. Kama matambara yangemleta Bosibori nyumbani, si afadhali matambara?

Sotik walifika soko limejaa, watu wa pande zote mbili, wa ndizi na wa maziwa. Kiptanui aliegesha chini ya ukuta wa posho mill, kinu cha unga. Bitutu aliomba beseni la maji.

"Si ulikatazwa kuoga?" Kiptanui aliuliza.

"Nilikatazwa."

Akaingia nyuma ya gari, kati ya mikebe ya picha. Aliinua leso ya kuraruka, akaishika kwa muda mrefu. Ilikuwa na harufu ya moshi wa jiko la Chepchumba, rafiki aliyekimbia barabarani kwa ajili yake. Aliikunja kwa heshima, akairudisha furushini. Kisha akanawa mikono, akanawa uso, akavaa gauni la buluu. Vifungo vilimchelewesha. Vidole havikutaka kutulia, kwa hiyo akafunga kifungo kimoja kimoja, polepole.

Ondieki alipomwona akishuka, alitikisa kichwa. "Mungu akusaidie, basi," alisema, na akampangusa vumbi begani.

*

Kikao kilikuwa nyuma ya kanisa, viti vimepangwa nusu duara. Kitu cha kwanza alichokiona Bitutu ni koti la Mosoti. Alilijua koti lile. Lilikuwa la kukamulia ng'ombe, viwiko nje, na huku suti yake ya kijivu ilikuwa nzima nyumbani, imetundikwa kwenye msumari. Hata ndevu hakuwa amenyoa. Kumbe na yeye alikuwa na Chepchumba wake.

Bosibori alikuwa amesimama kati ya magoti ya Nyambeki. Alikuwa amerefuka miguu. Alimtazama Bitutu kwa macho makubwa, akatazama viatu vyake, akatazama kola nyeupe, akajificha nyuma ya nyanya yake, kisha jicho moja likatoka tena.

Mosoti alisema kwanza. Alisema vizuri na alilia vizuri. Jinsi nyumba ilivyo baridi, jinsi anavyopika mwenyewe, jinsi alivyosamehe. Mzee mmoja, Onsongo, alipenga kamasi. Mzee Ongeri, aliyeongoza kikao, alitikisa kichwa kwa huzuni, kisha akamgeukia Bitutu na huzuni ile ikakauka.

"Mama Bosibori. Umekuja kwa kesi ama umekuja kwa harusi?"

Watu wakacheka.

"Nimekuja mbele ya wazee, baba," Bitutu alisema. "Mama yangu alinifundisha mtu haji mbele ya wazee na uchafu."

"Anajibu!" Onsongo alishangaa.

"Si umeniuliza, baba?"

"Bwana yako amelia hapa," Ongeri alisema, "mwanamume mzima. Wewe huna machozi?"

"Nilikuwa nayo. Niliyamaliza jikoni kwa mama mkwe, usiku ule mlango ulipofungwa." Sauti yake ilianza kuyumba, akangoja mpaka ikasimama. "Sikuja kudai ng'ombe, wala sikuja kutukana mtu. Ninafanya kazi Kericho, nina nyumba kwenye laini, iko shule karibu. Naomba mtoto aje akae nami asome. Ni hilo tu."

Akanyamaza. Walidhani anavuta pumzi, wakangoja. Hakuongeza. Ongeri alikohoa. Onsongo aliangalia viatu vyake mwenyewe. Mosoti akaanza kuvuta mikono ya koti lake, akijaribu kufunika viwiko.

Bitutu hakuinama. Uso aliuacha pale walipoweza kuuona. Aliwatazama wazee, akamtazama Mosoti, mwisho akamtazama mtoto.

"Niseme mimi," Nyambeki alisema.

"Mama, wewe ni wa upande wetu," Mosoti alimkumbusha.

"Najua upande wangu. Kaa." Mama yule mzee aliinuka kwa taabu, mkono mmoja juu ya kichwa cha Bosibori. "Huyu mtoto nalala naye mimi. Yaliyompata mama yake hapa nyumbani ninayajua, na sikuyasema, kwa sababu huyu ni mwanangu nami sina mwingine. Niliyokuwa siyajui ni ya huko. Kila anayetoka Kericho ananiambia jambo lake. Kwamba amekuwa wa pombe. Kwamba analala popote, amekwisha, ukimwona utalia. Nikasema basi, kama amekwisha, mtoto haendi, hata Mungu akija mwenyewe. Leo asubuhi nilikuja hapa nikimtafuta huyo aliyekwisha." Akamtazama Bitutu kutoka kwenye kitambaa cha kichwa mpaka viatuni, bila haraka, bila tabasamu. "Sijamwona."

Hakuna aliyecheka.

"Angekuja analia na matambara," Nyambeki alisema, "ningemhurumia sana. Na mtoto ningerudi naye nyumbani."

Wazee walienda kando ya ukuta, wakakaa huko mpaka vivuli vikageuka. Mzee Ongeri aliporudi hakuwa na furaha na maneno aliyoyabeba. Alisema hivi. Mtoto ni wa ukoo na atabaki wa ukoo, lakini kwa kuwa nyanya yake amekubali, atasoma Kericho na kila likizo atarudi kwa nyanya. Ng'ombe hawatarudishwa, kwa hiyo Bitutu bado ni mke wa Mosoti na haolewi kwingine. Na kanisa, kwa kuwa amemwacha bwana na amekuja mbele ya wazee kwa kiburi, litamweka nje ya Meza ya Bwana mpaka atakaporudi kwake.

Hilo la mwisho lilimchoma. Alikuwa ameimba katika kanisa lile tangu utotoni. Aliuliza kama neno kiburi lingeweza kuondolewa. Ongeri alisema haliwezi.

"Nimesikia, baba," Bitutu alisema.

Nyambeki alimsukuma mtoto kidogo mgongoni. Bosibori alitembea katikati ya nusu duara ile akitazama chini, na alipofika akashika kitambaa cha gauni la buluu kwa vidole viwili, kama mtu anayepima sokoni, akauliza kama huko Kericho kuna nyani.

"Wapo," Bitutu alisema. "Wanaiba mahindi."

Bitutu hakurudi kwa Mosoti, na Meza ya Bwana hakuishiriki tena katika kanisa lile. Alichuma chai mpaka mgongo ukakataa, kisha akauza maziwa pale laini. Mosoti alioa mwanamke wa Nyamira, wakapata watoto wanne. Nyambeki alikufa mwaka wa njaa ya sabini na tatu kuelekea sabini na nne, na baada ya hapo Bosibori hakwenda tena likizo. Chepchumba alipoambiwa kwamba Bitutu alioga, hakusema naye kwa wiki nzima. Baadaye alipata shamba kwa ndugu zake karibu na Bomet akahama na mwanawe Tecla. Kogo Cherotich alipanda chai yake upya na ikakubali. Mzee Ongeri aliongoza vikao mpaka macho yakafa. Picha ile nzee ilikatika vipande ndani ya mashine huko Sigowet, na iliyobaki ikatupwa. Maandishi yake hayakupata mtu wa kuyasoma. Kiptanui alienda kuendesha lori la majani. Ondieki aliacha sinema redio zilipozidi, akafungua kibanda cha mafuta ya taa Sotik. Bosibori alimaliza darasa la saba, akafundisha watoto wa nasari miaka michache, akaolewa Kiptere. Ana ng'ombe wawili wa maziwa na chai kidogo.